Pechi na Masikio ya Binti Yake

Mimi nimeshakufa mara tatu na kufiwa mara tisa, na zote hizo ni kazi ya Pechi. Kampuni za filamu zikija hapa kwetu Ilangudi kukodi yale majumba ya matajiri wa zamani, yenye nguzo za mbao na ua katikati, hazihangaiki kutafuta watu barabarani. Zinamtafuta Pechiyammal, jirani yangu wa ukuta mmoja. Wakitaka waombolezaji thelathini, anawaleta. Wakitaka harusi, analeta harusi nzima, pamoja na yule shangazi anayenuna pembeni kwa sababu hakupewa kiti cha mbele.

"Waigizaji mnao, wamekuja kwa ndege," huwaambia. "Mimi nawaletea watu wenyewe." Basi kuhani akihitajika, anakuja kuhani wa hekalu. Kinyozi akihitajika, anakuja kinyozi na wembe wake. Pechi ni mfupi, mnene, pindo la sari limechomekwa kiunoni saa zote, na hajawahi kuhitaji kipaza sauti. Nimemwona akiwapanga watu mia mbili kwa jicho moja, wewe huku, wewe kule, na hakuna aliyethubutu kuuliza kwa nini. Ukimwona hivyo utadhani hakuna jambo duniani linalomshinda.

Lilikuwapo moja. Kaka yake wa pekee, Andiappan, anakaa Maruthankudi, kilomita tisa tu kutoka hapa, na walikuwa hawasemeshani kwa miaka saba. Sababu ilikuwa kadi. Pechi na mumewe walipohamia nyumba mpya, kadi ya mwaliko ilichapishwa na jina la Andiappan likakaa chini ya jina la shemeji yake Pechi, yule muuza mbolea. Sasa, kaka wa mke hawekwi chini ya muuza mbolea. Yeye ndiye anayetangulia na masinia ya zawadi kutoka kwao mke, ngoma mbele, watu nyuma. Andiappan aliirudisha kadi, na juu yake jani moja la tambuu lililokauka, yaani undugu umenyauka. Siku ya sherehe hakuja.

Mimi nasema kadi si kitu. Kilichomuuma Andiappan ni kwamba dada yake aliiona ile kadi kabla haijachapishwa, akanyamaza ili asigombane na wakwe. Pechi mwenyewe analijua hilo, ingawa ilinichukua miaka minne kumsikia akilisema.

Miaka miwili baada ya ugomvi, Pechi akazaa. Alikuwa amengoja mtoto kwa miaka kumi na miwili, akampata Poonkodi. Na kwetu mtoto hutogwa masikio akiwa amepakatwa na mjomba wake, kaka wa mama. Wakwe wakasema, si yupo binamu, apakate yeye. Pechi akakataa. "Masikio ya mwanangu yana mwenyewe," akasema. Mara mbili alipanda basi hadi Maruthankudi kumwomba kaka yake radhi, na mara zote mbili Andiappan alitokea mlango wa nyuma akaenda shambani.

Mtoto akafika miaka mitano na masikio yake mazima, jambo ambalo wilaya hii haijaliona. Hatimaye mama mkwe akatoa neno la mwisho: shule ikifunguliwa mwezi wa sita, mtoto awe ametogwa, mjomba awepo asiwepo. Pechi alikuwa amebakiwa na majuma matatu.

Ndipo ikaja filamu. Ilikuwa ya kuchekesha, ya nyumba mbili zenye uhasama na wanaume wawili wanaodhaniwa kila mmoja kuwa ni mwenzake, hata mmoja anamposa dada yake mwenyewe kwa niaba ya mwingine. Usiniulize zaidi, mimi nilikuwa mgeni wa safu ya tatu. Walitaka tukio la kutoga masikio: mjomba aliyesusa anarudi ghafla na masinia. Wakaja na mtoto wao kutoka Chennai, na mtoto ana matundu ya masikio tangu uchanga. Mwongozaji akashika kichwa. Wakazunguka vijiji vinne kutafuta mtoto wa miaka mitano asiyetogwa. Hayupo, isipokuwa mmoja.

"Mchukueni Poonkodi," Pechi akawaambia. "Lakini sindano isimguse. Hereni ziwe za kubana. Sindano ya kweli inamngoja mtu."

Wakakubali. Wakachapisha bango kubwa la tukio: uso wa Poonkodi katikati ya maua, na kando yake Veeramani, mwigizaji kutoka Madurai, amekunja mikono, na chini maandishi kwamba mjomba anawakaribisha nyote kwenye kutogwa kwa mpwa wake, pamoja na siku na mahali. Bango lilikuwa refu kuliko ukuta wa ua, kwa hiyo mafundi wakalisimamisha njia panda kwa siku mbili huku wakijenga mahali pa kuliweka. Njia panda hiyo hiyo ndipo yanapogeuzia mabasi ya Maruthankudi.

Siku ya kazi tulikuwa tumekaa uani tangu saa mbili asubuhi. Nazi zipo, ndizi zipo, wapiga zumari wapo. Sonara wa kutoga yupo, na kwa kuwa analetwa na Pechi, ni Mayandi mwenyewe, aliyetutoga sisi wote. Asiyekuwapo ni Veeramani. Basi lake limeharibika njiani. Msaidizi wa mwongozaji, mwanamume mmoja mwenye kofia na hasira za mjini, aliyemjua Veeramani kwa picha tu, alikuwa akienda mlangoni na kurudi.

Mara tukasikia ngoma nje. Msaidizi akaruka. "Amefika! Amefika na watu wake kabisa!"

Kweli alikuwa amefika mtu. Msuli mweupe, shati jeupe, masharubu yamesimama, nyuma yake wanawake kumi na mmoja na masinia vichwani. Msaidizi akamshika mkono. "Mzee, umechelewa! Tumekungoja mno!"

Yule mzee akamtazama. "Mmeningoja?"

"Tangu asubuhi! Sasa sikiliza. Umekasirika. Miaka mingi hujakanyaga nyumba hii. Unaingia, unamwona mtoto, moyo unayeyuka. Sawa?"

"Wewe nani kakwambia mambo ya nyumbani kwetu?"

"Eeh, safi sana! Hasira hiyo hiyo. Ingia nayo!" Na hapo hapo mwanamke wa poda akampiga poda usoni.

Nilikuwa naona yote haya kutoka safu ya tatu. Mimi namjua Andiappan. Nikageuka kumtafuta Pechi. Alikuwa amewapa mgongo, akiwapanga mashangazi. Mwongozaji akapaza sauti kazi ianze, zumari zikalia, Andiappan akaingia na poda yake usoni.

"Yuko wapi?" akanguruma. "Yuko wapi huyo mwanamume aliyejipa ujomba wa mwanangu? Nimeona sura yake njia panda, nami masinia yangu haya hapa!"

Pechi akageuka. Halafu akatembea, akapita mbele ya kamera ambako hajawahi kupita katika maisha yake, akasimama mbele ya kaka yake.

"Hakuna mwanamume," akasema. "Ni filamu, kaka."

"Filamu? Uso wa mtoto ni wa filamu? Kwanza kadi, sasa bango! Jina langu uliliweka chini ya muuza mbolea, leo hata chini halipo!"

Muuza mbolea alikuwa kwenye safu ya pili. Akatazama miguu yake.

"Niliiona ile kadi," Pechi akasema. Sauti yake ilikuwa ya chini, na ua zima lilimsikia. "Niliiona kabla haijachapwa, nikanyamaza. Niliwaogopa wakwe nikakuuza wewe. Nimekuja kwako mara mbili kukwambia hivyo, nawe ukatokea mlango wa nyuma. Leo umeingia wa mbele, basi sikiliza. Nilikosa. Mtazame mtoto masikio. Mtazame! Miaka mitano nimeyaweka. Nilimwekea nani?"

Andiappan akainama. Poonkodi, aliyekuwa ameambiwa atulie hadi mjomba afike, alimsogezea sikio moja, kisha la pili, kama alivyofundishwa. Yale masikio yalikuwa mazima. Poda ya Andiappan ikaanza kupata michirizi.

"Kamera isizimwe," nikamsikia mwongozaji akinong'ona. "Atakayezima nitamfukuza."

Wakati huo huo mlango ukasukumwa. Mtu katota jasho, msuli mweupe, shati jeupe, masharubu yale yale. "Samahanini jamani, basi liliharibika. Mjomba ndiye mimi."

"Ndiye huyu!" Andiappan akainuka. "Mwizi wa ujomba ndiye huyu!" Akamrukia, Veeramani akakimbilia nyuma ya nguzo, msaidizi akimvuta Andiappan na kumwambia hilo la kukimbizana halimo kwenye hadithi. Wapiga zumari, ambao hawajawahi kuambiwa wanyamaze, wakaongeza kasi.

"Basi!" Sasa ilikuwa sauti ya Pechi tunayemjua. Kila mtu akasimama alipo, na zumari zikakatika. "Kaka, mwachie shati, ni la kampuni. Veeramani, wewe leo ni mgeni wetu, kaa karibu na chakula. Mayandi, sindano yako iko safi?"

"Yangu huwa safi," akajibu sonara, ameudhika.

"Kaka, kaa."

Andiappan akakaa. Akampakata Poonkodi. Kisha akafungua fundo kwenye pindo la msuli wake, akatoa kitambaa kilichofifia rangi kwa kukunjwa. Ndani zilikuwamo hereni mbili za dhahabu, ndogo, za mtoto mchanga. Alizitengenezesha juma alilosikia kwamba dada yake amejifungua. Nililia. Sikulipwa kulia siku hiyo, nililia mwenyewe.

Mayandi akatoga sikio la kulia. Poonkodi akapiga yowe moja, mjomba akapiga mawili.

"Tena!" mwongozaji akadakia, anaruka kwa furaha. "Nzuri mno! Tunarudia, nataka nipige kutoka upande ule!"

Pechi akamgeukia taratibu, mikono kiunoni. "Bwana mkubwa, masikio ni mawili tu. Moja umeshapiga. Limebaki la kushoto. Hamisha kamera yako upesi, ukilikosa hilo sina lingine."

Wakaihamisha mbio kama watu wanaookoa godoro kwenye moto. Hawakulikosa.

Jioni kampuni ilimuuliza Pechi anataka nini kwa sehemu ile, maana mwongozaji alikuwa ameamua kuiweka yote. Akasema anataka kitu kimoja. Mwishoni mwa filamu majina ya wageni wa sherehe yakipita, yapangwe kwa mpangilio atakaoandika yeye. Msaidizi akacheka kwamba hayo majina hakuna anayeyasoma. Pechi akamwambia alete kalamu.

Filamu ilipotoka tulikwenda wote Karaikudi kwenye ukumbi wa sinema. Watu walicheka hadi wakamwaga chai. Ilipokwisha, taa zikawaka, ukumbi ukaanza kutoka, na sisi tukabaki tumekaa safu nzima, hata mama mkwe, hata muuza mbolea. Majina yalipita mengi, ya wapishi, ya madereva, ya mafundi wa taa. Kisha yakaja ya wageni wa sherehe. La kwanza, juu ya sisi wote, lilikuwa Andiappan wa Maruthankudi, mjomba.

Andiappan alilitazama hadi likapotea juu. Akakohoa.

"Herufi zingekuwa kubwa kidogo," akasema.

Pechi alikuwa ameinua kidole, anamwonyesha Poonkodi mstari wa mwisho kabisa, chini ya muuza mbolea, chini yangu mimi, ambako alikuwa ameandika jina lake mwenyewe.