Niliwapa namba ng'ombe wa baba kwenye filamu yangu, nikampa na yeye

Wakuu, habari za mchana. Haya yamenikuta mimi, sikusimuliwa, na sehemu ninazoonekana mjinga nimeziacha kama zilivyo.

Naishi Musoma mjini, Iringo. Natengeneza filamu zangu mwenyewe, zile za experimental, za kujaribu-jaribu. Hakuna stelingi, hakuna ngumi. Mama anaziita "video za ukuta" kwa sababu niliwahi kushuti ukuta dakika nne nzima.

Mwaka jana nilikwenda nyumbani, upande wa Nyamuswa, nikashuti ng'ombe wa mzee wakitoka zizini asubuhi, mmoja mmoja.

Kwenye editing kila ng'ombe nikamwekea namba kubwa nyeupe. 1, 2, 3, hadi 18. Mzee alitoka wa mwisho na fimbo yake, nikampa 19. Nikajiona nimepata bonge la wazo.

Sasa kosa lenyewe. Kwetu ng'ombe hawahesabiwi hadharani. Mfugaji anawajua kwa rangi na pembe, akikosekana mmoja anajua. Kuwahesabu ni kuwaitia balaa, na mtu ndiyo kabisa. Hili nalijua tangu utotoni! Nilijifanya msanii tu.

Nikawaonyesha mzee na mama kwenye laptop pale nyumbani, Jumapili baada ya kanisa. Namba 19 ilipotokea, mama akaziba mdomo. Mzee akanyanyuka, akatoka nje.

Siku ya tatu akashikwa na homa kali.

Wakuu, sijawahi kuogopa vile. Shangazi akanifuata uani: "Wewe umemwandikia baba yako namba. Akifa utasemaje?"

Nikampakia mzee kwenye bodaboda, mimi nyuma nimemshikilia, hadi hospitali Bunda. Joto lake nalisikia kupitia shati. Njia nzima nasali, naahidi Mungu vitu ovyo ovyo, hadi kuacha filamu.

Vipimo vikasema malaria, tena tumewahi. Akili ilielewa, moyo ukagoma. Kila akikohoa naiona ile 19.

Kesho yake homa ikashuka. Nikamwambia, "Mzee, nisamehe kwa zile namba."

"Namba ulikosea, utazitoa," akasema. "Ila sikutoka nje kwa ajili ya namba."

"Sasa ilikuwa nini, baba?"

"Zamani nilikuwaga natoka na nyie wanangu wote watano nyuma ya hao ng'ombe. Mle kwenye filamu niko mwenyewe."

Siku ile ya kushuti nilikuwepo, hatua kumi kutoka kwake, nimeshika kamera.

Namba nimezitoa. Ile shot yake bado iko kwenye timeline ya editing, kila nikiifungua naumia, na sijui niikate au niiache.

Nilichojifunza: ukimshuti mzazi, usiangalie tu yeye katokaje kwenye picha. Jiulize wewe ulikuwa wapi.

Mliowahi kushuti watu wa nyumbani, mngekuwa mimi mngefanyaje? Wa kunisema pia karibuni, nimestahili.