Mzigo wa Nyasi kwa Kila Mkungu

Shangazi Dafroza alikuwa akisema kwamba aliingia Kirua Vunjo na mzigo wa nyasi kichwani. Ukimbana alikubali kuwa mzigo ule aliubeba wiki ya pili baada ya harusi, si siku yenyewe, lakini hadithi aliipenda zaidi ilivyokuwa mwanzo. Mumewe, Evaristo, alikuwa ndiyo kwanza anajenga msonge wao: nguzo za mringaringa, fito zilizopindwa kama kikapu kilichofunikwa, na nyasi kutoka juu kileleni hadi zinapogusa ardhi. Nyasi zenyewe zilitoka tambarare, mwendo wa nusu siku kushuka na siku nzima kupanda. Bibi harusi alizibeba pamoja na wengine.

Katika nyumba ile alizaa watoto watano, akamzika Evaristo, na akaendelea kuishi na ng'ombe wawili upande wa kushoto, kitanda upande wa kulia, na mafiga katikati. Juu ya moto lilikuwa dari la miti. Yeye ni dada mkubwa wa baba yangu, na kihamba chake, yaani shamba la migomba lenye nyumba ndani, ni cha tatu kutoka kwetu. Nikiwa mdogo nilijificha kwake kusoma, kwa sababu hakuniuliza kwa nini sichezi na wenzangu.

Mwaka 1976 nilirudi likizo kutoka Chuo Kikuu nikakuta msonge wake umebaki peke yake kijijini. Kampeni ya nyumba bora ilikuwa imepita kila kihamba. Mwenyekiti wetu, Wenseslaus, alikuwa mtu mchapakazi na mwenye sauti, na alikuwa amewaahidi wakubwa wa wilaya kwamba wakaguzi wakija siku ya Saba Saba hawataona nyumba ya nyasi hata moja. Kijiji kitakachoshinda kingepewa mashine ya kusaga. Mashine ya kusaga si jambo dogo; mama yangu alikuwa akitembea saa nzima na debe la mahindi kichwani.

Kwenye mkutano Wenseslaus alisimama juu ya benchi.

"Ndugu wananchi, zimebaki ngapi?"

"Moja!"

"Ya nani?"

Watu wakatazama miguu yao. Shangazi akajibu mwenyewe.

"Yangu, Mwenyekiti. Kwani umesahau njia? Juzi tu ulikuja kuomba moto."

Watu walicheka, naye Wenseslaus akacheka kidogo, kisha akakunja uso.

"Mama Dafroza, kijiji kitakupa bati kumi na sita."

"Ziko wapi?"

"Zitakuja."

"Kwa hiyo nivunje kilichopo nijenge kisichokuwepo."

"Ni maendeleo, Mama!"

"Sawa. Na ng'ombe wangu nao niwaambie walale kwenye maendeleo mpaka bati zije?"

Nilikuwa nimejiandaa kusema neno pale. Nilikuwa nimeliandika hata kwenye karatasi, kuhusu thamani ya majengo ya kale. Karatasi ilibaki mfukoni. Kura ikapigwa, na msonge ukapangiwa kuvunjwa Alhamisi kabla ya Saba Saba.

Nilichoweza kufanya ni kuandika barua. Nilimwandikia afisa utamaduni mjini Moshi, na kwa kweli alikuja, na kamera. Alizunguka nyumba mara tatu, akasema, "Huu ni urithi wa taifa," akapiga picha, akanywa maziwa, akaondoka. Baada ya wiki mbili ikaja barua yenye muhuri, ikimpongeza Shangazi kwa kutunza utamaduni. Fedha, ilisema barua, hazikuwa zimetengwa.

Nilimsomea. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akanyoosha kidole upande wa kaskazini, pale ambapo mwanga ulikuwa ukipenya katikati ya nyasi zilizooza.

"Mwanangu, barua hii nikiichomeka pale itazuia mvua ya dakika ngapi?"

Hapo ndipo nilipoelewa kitu ambacho vitabu vyangu havikuwa vimenieleza vizuri. Hata Wenseslaus angebadili nia, nyumba ile ilikuwa na masika mawili ya kuishi, labda moja. Ilihitaji nyasi mpya kama mizigo mia mbili, watu wa kukata, watu wa kubeba, na wazee wawili watatu wanaojua kuezeka. Zamani msonge ulipochoka, ukoo wote ulishuka tambarare, kwa sababu kila mmoja alikuwa na msonge na zamu yake ingefika. Sasa wenye bati hawakuwa na zamu ya kungoja. Nani angeteguka shingo kwa ajili ya nyumba moja ya mjane?

Baridi ya Juni ndiyo iliyoanza kujibu swali hilo.

Mwaka ule ukungu ulishuka ukakaa. Kahawa ikachelewa kukauka, na ndizi za mbege, pombe yetu ya ndizi na ulezi, zikagoma kuiva. Zamani hakuna aliyefikiria jambo hili: ndizi zilipangwa darini juu ya moto, moshi na joto vikafanya kazi, na baada ya siku sita zilikuwa laini na za njano. Kimea cha ulezi nacho kilikaushwa hapo hapo. Lakini watu walipovunja misonge waliyavunja na madari. Jiko la bati lilikuwa la moto mchana na la barafu usiku. Waliojaribu kuvundika ndizi shimoni walifukua uji mweusi. Kijiji kizima kilikuwa kimejenga nyumba bora na kusahau mahali pa kuivishia ndizi, na hakuna aliyetaka kuwa wa kwanza kulisema, maana ni Julai na Agosti harusi zinapoanza, na Mchagga hawezi kuoza binti kwa soda.

Wa kwanza kuja alikuwa Juliana, jirani yetu, na mikungu miwili.

"Shikamoo, Mama. Nina matanga ya mkwe, ndizi zangu ni mawe. Nitakupa shilingi."

"Marahaba. Shilingi haizuii mvua. Mkungu mmoja, mzigo mmoja wa nyasi. Nyasi za kuezekea, si hizi za ng'ombe."

"Nyasi nizitoe wapi?"

"Zinakoota. Miguu unayo."

Juliana alinung'unika, akashuka tambarare na mwanawe mkubwa, na siku ya tatu mizigo miwili ikasimama nyuma ya nyumba. Wiki iliyofuata walikuja wanawake sita. Ili mikungu isichanganyike, kila mmoja alifunga kitambaa chake. Niliyekuwa nikipanda darini kupanga ni mimi, macho yakinitoka machozi kwa moshi, na nilifurahi kuliko siku yoyote maktabani.

Kisha asubuhi moja, kupitia migombani na si njiani, akaja Redempta, mke wa mwenyekiti. Binti yao alikuwa anaolewa Jumamosi baada ya Saba Saba. Nyuma yake dada zake wawili walikuwa wamebeba mikungu. Ilikuwa kumi.

Shangazi aliihesabu tena.

"Mumeo anajua?"

"Mume wangu anajua kwamba mbege itakuwepo. Mengine hajauliza."

"Na mizigo kumi ya nyasi?"

"Jamani Mama, mke wa mwenyekiti aonekane na nyasi kichwani wiki hii?"

"Baada ya harusi, basi. Lakini nyumba yenyewe inavunjwa Alhamisi. Ndizi zako zitakuwa bado siku tatu."

Redempta alifunga kitambaa cha kijani kwenye mkungu wa mwisho, polepole. "Mimi nimeleta ndizi," alisema. "Ya Alhamisi ni ya wanaume."

Alhamisi wanaume walikuja, tisa, na mapanga na majembe, Wenseslaus mbele. Shangazi alikuwa amekaa kwenye kigoda mlangoni akimenya ndizi za mtori. Hakuinuka.

"Karibuni. Mimi sina nguvu za kuwazuia. Ila darini kuna mali za watu. Zishusheni kwanza, na kila moja mwiteni mwenyewe aje aichukue."

Sirili, kijana mwenye mdomo mrefu kuliko wote, akapanda. Tulimsikia akikohoa.

"Kuna nini?" aliuliza Wenseslaus.

"Ndizi, Mwenyekiti! Ndizi tupu! Zina vitambaa." Akatoa kichwa. "Thadeus, mkeo ana kanga ya maua mekundu?"

"Anayo."

"Basi mna mikungu minne humu."

Thadeus akashusha panga. Sirili akarudi ndani, na kila alipotoa kichwa mtu mmoja nje alipunguza ujasiri. Kwa mwingine kilikuwa kimea cha mama yake. Kwa mwingine, ndizi za ubatizo wa mwanawe. Mwishoni Sirili akatoka na kipande cha kitambaa mkononi, akikishika kama mtu aliyeshika nyuki.

"Na hii kumi hapa ya kitenge cha kijani sijui ni ya nani. Mimi sijui kabisa."

Kijiji kizima kilikuwa kinakijua kitenge kile. Wenseslaus alikuwa amekinunua Moshi mwenyewe na kutuambia bei.

Hakuna aliyecheka. Walikuwa wanaumia kwa kutocheka. Wenseslaus alimtazama Shangazi, akatazama dari, akahesabu kitu kwa vidole, nadhani siku hadi Jumamosi ya harusi.

"Zinahitaji siku ngapi?" aliuliza kwa sauti ndogo.

"Tatu. Ukiwa na pa kuziivishia kwingine, chukua."

Alivaa kofia yake akaondoka, na wanaume wakamfuata mmoja mmoja, wakiniachia mimi na Shangazi majembe mawili waliyoyasahau.

Asubuhi yake alirudi peke yake, ameshika jani la sale lililofungwa fundo. Kwetu anayekuja na sale amekiri kosa, na anayeletewa hawezi kukataa. Shangazi alilipokea kwa mikono miwili.

"Haika, asante, mwanangu. Yameisha. Sasa kaa tuzungumze ya nyumba."

"Mama, Saba Saba wakaguzi wanakuja. Wakiona nyumba ya nyasi tunakosa mashine. Nitawaambia nini?"

"Waambie ukweli. Hii si nyumba. Ni ghala la kijiji la kuivishia ndizi."

Wenseslaus alifikiri. Uso wake ulianza kufunguka.

"Ghala! Lakini wewe unalala humo."

"Ghala lisilo na mlinzi umeliona wapi? Na mlinzi analala wapi?"

"Ghalani," alisema Wenseslaus, na hapo ndipo alipocheka kwa mara ya kwanza tangu jana, akajipiga paja.

Basi siku ya Saba Saba mkaguzi mmoja aliinama akachungulia, akaona mikungu imepangwa hadi juu, akauliza, na Wenseslaus akamweleza kwa fahari kwamba hilo ni wazo la kamati. Nyumba za nyasi: hakuna. Maghala: moja. Mashine ya kusaga tulikosa hata hivyo, ikaenda kijiji kingine chenye vyoo vingi zaidi. Mama yangu alisononeka siku nzima. Lakini harusi ya Jumamosi ilikuwa na mbege ya kutosha, na hata baba yangu, ambaye husema mbege ya siku hizi ni maji ya chumvi, alirudisha kata ijazwe mara nne.

Mwezi wa tisa, nyasi zilipokauka vizuri, Shangazi alihesabu mizigo nyuma ya nyumba: mia moja themanini na tatu. Kumi ya Redempta aliileta Wenseslaus mwenyewe, safari kumi, shingo imekakamaa, akisalimia watu bila kugeuka. Wazee wawili waliojua kuezeka waliwapanga vijana kuizunguka nyumba, wakianzia chini kwenda juu, na Sirili akapewa kilele kwa sababu hakuna aliyetaka kumsikia akiwa karibu. Jioni upande wa kaskazini haukupitisha mwanga hata wa sindano.

Nilikuwepo Desemba iliyofuata walipokuja watu wawili kutoka Mwika, wamesikia habari, na mikungu yao kwenye baiskeli. Walivua kofia wakaamkia vizuri, wakauliza bei.

"Kwa wa hapa, mkungu mmoja mzigo mmoja," alisema Shangazi. "Nyinyi miwili."

"Mama, mbona miwili?"

"Kwa sababu misonge yenu yote mmeivunja, na sasa mnautumia wangu. Nyasi kwanza."