CD ya Guka Juu ya Kabati

Juzi nilikuwa kwenye foleni nikilipia rangi ya ukuta hapa Springfield, mara sauti ya mwimbaji mmoja mzee wa country ikanishukia kutoka spika za darini. Nilishtuka kama mtoto anayeitwa na baba yake mbele ya wenzake. Na kweli, rafiki yangu, ndivyo ilivyokuwa kila Jumamosi kule Adelphi, nilikokulia huku ughaibuni.

Tulikaa ghorofa ya chini, harufu ya chapati zetu ikigombania ngazi na harufu ya maharagwe ya majirani. Baba akitoka zamu yake ya kutunza wazee, alifungua milango yote ya gari, akaweka CD, akaanza kuliosha. Magitaa, fidla, halafu ile sauti iliyokwaruzwa na umri, ya mtu aliyetunga nyimbo kabla baba hajajua kusoma na bado alikuwa anatoa albamu. Mimi nilishika ndoo nikiomba ardhi inimeze.

"Dad, please. Watu wanaangalia."

"Waache waangalie. Huu ni muziki wa kwetu."

Wa kwetu, Nyandarua! Lakini hakukosea. Kule Jumapili alasiri redio zilijaa nyimbo hizi za barabara ndefu na wake waliokimbia, na babu yangu, tuliyemwita guka, alikamua ng'ombe akizisikiliza. Guka alimpenda mwimbaji huyu kuliko mhubiri wake.

Kwa hiyo baba alinunua nakala mbili za albamu ya mwimbaji huyo, moja ya gari, nyingine ya guka. Hiyo ya pili ilikaa juu ya kabati la vyombo ndani ya nailoni yake, ikingoja karatasi zetu za ukaazi zitoke ili aipeleke mwenyewe. Jirani yetu, nesi wa kutoka Nakuru, alikuja kuaga akienda likizo.

"Lete hiyo CD, brathe. Ni nyepesi kuliko maneno yako."

"Zawadi ya mzazi haiendi kwa miguu ya mtu mwingine."

"Haya, kaa nayo. Labda itaota mizizi."

Mama alicheka. Baba hakucheka.

Guka alifariki kabla ya karatasi kutoka. Sebule ilijaa watu, viatu vikarundikana mlangoni, chai ikachemka kwenye sufuria kubwa ya harusi. Baba akasema atakwenda tu, hata kama hataruhusiwa kurudi. Mama hakubishana naye. Alinielekezea kidevu, akauliza polepole, "Na huyu je?"

Baba akakaa, asiende.

Sikuwa nimefanya lolote, najua. Nimesoma vya kutosha kuweza kukueleza kitaalamu kwamba mtoto hana hatia katika jambo kama hilo. Lakini tangu siku ile sisikii fidla bila kujiona kama kamba iliyomfunga baba mguu.

Nesi, ambaye alikuwa bado likizoni Nakuru, alikuwa amekwenda mikono mitupu. Baba akaituma CD kwa msafiri mwingine, ikafika baada ya mazishi. Shangazi alipiga simu kushukuru.

"Lakini hapa tuna redio ya kaseti tu," alisema. "Tumeitundika shambani kwenye minji. Inameremeta vizuri, ndege hawasogei."

Baba alicheka mpaka akashika ukuta. Kisha akaingia bafuni, na maji ya bomba yakamwagika kwa muda mrefu.

Ghorofa yetu imepakwa rangi nyingine sasa, na sioni tena mtu akiosha gari milango ikiwa wazi. Gari langu halina hata mahali pa kuingizia CD. Baba amehamia Manassas, na nimemnunulia mashine ya kuchezea ile albamu yake ya gari. Iko chini ya meza yangu tangu majani ya miti yaanze kuanguka. Sasa yameota mengine. Dada yangu ananiambia niitume kwa posta. Nimemjibu, kwa sauti nzito ya msomi, kwamba zawadi ya mzazi hupelekwa kwa mkono.

Kutoka hapa hadi Manassas ni nusu saa, na karatasi zangu zilitoka zamani.