Radi Ilipoujua Mlango Wangu

Nyumba ile niliijenga mimi. Mume wangu alikata miti na kusimamisha nguzo, sikatai, lakini udongo niliukanyaga mimi, maji niliyabeba mimi, na tumbo langu lilikuwa limeshatangulia mbele. Tulikuwa tumetolewa kwenye maboma yetu ya zamani tukapangwa kwenye kijiji cha ujamaa, huku upande wa Mtinko. Nyumba zilikaa mstari mmoja kama watoto wa shule, milango yote ikitazama barabara. Mwenyekiti wa kijiji alitaka hivyo. Tembe langu la zamani, lenye ukuta mnene usiopitisha baridi, nililiacha limeng'olewa paa. Sikulia. Nilikuwa nimechoka mno.

Mvua za kwanza tu, radi ikashuka. Ilikuwa mchana, nakimbizana na uwele niliouanika. Ikapiga nguzo ya mlango, ikapasua ukuta, ikamwangusha ng'ombe wangu aliyefungwa hapo pembeni. Ndiye pekee aliyekuwa na maziwa, na mimi nilikuwa nimeshamhesabia mtoto aliyemo tumboni.

Kwetu radi ikipiga nyumba, moto unazimwa. Hupiki, huendi kuomba kaa kwa jirani, wala jirani haji kwako. Watu hawakusalimii, na wewe huwasalimii, mpaka aje mtu wa kuitakasa nyumba. Nyama ya mnyama aliyepigwa haiguswi. Basi tukamzika ng'ombe mzima. Wewe jaribu siku moja kuchimba kaburi la ng'ombe ukiwa na mimba, halafu uje tuongee.

"Usilie," mama mkwe akaniambia. "Mwenyewe amechukua chake. Ukilia atarudi kuuliza kuna nini."

"Mama, machozi yatoke wapi? Nina mgongo tu hapa, unaniuma."

Huyo mwenyewe hatukumtaja jina. Tulinyoosha kidole juu, basi.

Mtu wa kutakasa naye alikuwa amehamishwa, kapelekwa huko upande wa Nduguti. Mume wangu akapanda baiskeli kumfuata. Sisi tukabaki tunakoroga unga wa uwele kwa maji baridi na kunywa hivyohivyo, majirani wakipita mbali kana kwamba tuna ndui.

Aliyeingia uani ni mmoja tu, mwalimu wetu wa elimu ya watu wazima, binti mmoja wa kutoka kandokando ya ziwa.

"Shikamoo, bibi."

Mama mkwe akageuza uso. "Usinisalimie. Utaibeba uipeleke kwako."

Binti hakuondoka. Alikaa juu ya kinu kilicholala akatuambia kwamba kwao radi ni jogoo mwekundu, akishuka anaparua ardhi kwa kucha. Ulaya ya zamani, alisema, walimjua mzee wa ndevu nyekundu mwenye nyundo, anapita angani kwenye gari linalokokotwa na mbuzi.

"Mbuzi?" mama mkwe akageuka. "Mbuzi wanakokota gari? Hao Wazungu hawakuwa na ng'ombe?"

"Huko Afrika Magharibi yupo mwenye shoka la makali mawili, bibi. Wahindi wa kale wana wa kwao, amepanda tembo. Na wenyeji wa Amerika wanasema ni ndege mkubwa, akikung'uta mabawa ndiyo ngurumo."

Nikamuuliza, "Mwalimu, hao wenye nyundo na mashoka, wote wanaume?"

"Karibu wote, mama."

"Nilijua. Sasa wakishapiga, ukuta anaukandika nani?"

Binti akacheka. Mama mkwe naye akacheka, kisha akajiziba mdomo na kutazama juu.

Mume wangu akarudi na yule mtu. Mtakasaji akatunyunyizia maji ya majani kutoka kwenye kibuyu, sisi na nyumba, halafu akasimama mbele ya nguzo iliyoungua akiitazama kwa muda mrefu.

"Mlango huu ameshaujua," alisema. "Hameni."

Mwenyekiti alikuwa ng'ambo ya barabara, haogopi wala hasogei. "Hakuna kuhama! Kiwanja chao ni hicho!"

"Ndugu mwenyekiti, radi haijui viwanja."

"Basi mwambie aje ofisini!"

Wakaanza kupayukiana juu ya kichwa changu. Mmoja ananitaka niondoke, mwingine ananitaka nibaki, na hakuna aliyekuwa na tope miguuni. Nikakaa chini, palepale mlangoni.

"Sihami," nikasema. "Nimehama mara moja, inatosha. Akitaka kunipiga aje anipige hapahapa, nimeketi."

Mama mkwe alinitazama, mimi na tumbo langu, kisha akamgeukia mtakasaji.

"Umesema ameujua mlango. Nyumba je, anaijua?"

Yule mtu akafikiri. "Mlango."

"Basi na uhame mlango."

Mtakasaji akakubali kwa kichwa. Mama mkwe akashika jembe, mwanamke mzee vile, akaanza kuutoboa ukuta wa nyuma. Mume wangu akamfuata na shoka, wakafungua mlango mpya. Mimi nikaziba ule wa mbele kwa udongo.

"Mama!" mwenyekiti akapiga kelele. "Unaipa barabara mgongo! Wakubwa wakipita nitawaambia nini?"

"Waambie wazunguke nyuma, kuna uji," nikamjibu.

Mtakasaji akapekecha moto mpya kwa vijiti. Ulipowaka, jirani wa kwanza akapaza sauti kutusalimu. Nikaitikia nimekaa, kusimama sikuweza tena.

Mama mkwe akausonga ugali mwenyewe. Tangu niolewe hakuwahi kunipikia. Akauweka mbele yangu, mikono yake bado ina udongo.

"Kula," alisema. "Ukuta tutaukandika kesho."