Shamba Lililokataa Kufunguka

Harufu ya karanga zinazokaangwa hunikuta kibandani kwangu Kasulu kila siku ya soko, maana kuna mama mmoja wa Makere ambaye huweka jiko lake la mkaa karibu kabisa na mlango wangu. Ikinifikia tu, naacha nilichoshika. Mimi ni fundi wa simu, na kazi yangu haitaki akili iliyo mbali. Wateja hudhani nina njaa, na wapo wenye huruma wanaoninunulia kifuko. Napokea, nashukuru, kisha nampa mtu mwingine. Karanga za moto hunirudisha Kibondo, nikiwa darasa la sita, mwaka ambao nilikuwa na gemu ya mkononi, nilikuwa na rafiki aitwaye Aline, na nilikuwa na uhakika wa mambo mengi nisiyoyajua.

Mama yangu ni mtu wa Tanga. Serikali ilimpangia kazi ya uuguzi huku mkoani Kigoma, na siku za Jumamosi alikwenda kusaidia kwenye zahanati ya kambi ya wakimbizi, mwendo wa nusu saa kwa gari la kazi. Kwa kuwa hakupenda kuniacha nyumbani peke yangu, alinichukua. Nilikaa kwenye benchi la wagonjwa na gemu yangu, mtumba niliyoletewa na mjomba, imechubuka pembeni na kitufe chake kimoja kikinata kwa juisi ya mtoto fulani nisiyemjua. Michezo yake iliwekwa na fundi Shabani wa Kasulu kwenye memori kadi ndogo isiyozidi kucha ya kidole gumba. Ilikuwa michezo ya kunakiliwa, na ili mashine ikubali kuifungua, fundi mwingine kabla yake alikuwa ameichezea programu yake ya ndani. Hilo la kuchezewa sikulijua. Nilichojua ni kwamba ukiwasha, inawaka.

Aline alikuja siku moja akimshika mkono bibi yake, ambaye sote tulimwita Nyogokuru, kama Warundi wanavyomwita bibi. Bibi alikuwa anafuata dawa za presha. Aline alikuwa na umri wangu, mrefu kunishinda, na hakuwa na haya hata kidogo. Alikaa karibu yangu, akaangalia kioo, akaniambia, "Wewe, unamwagilia vibaya. Unamwagia maji jani, shina unaliacha." Ulikuwa mchezo wa kulima. Unapewa nyumba ndogo na eneo tupu, unafyeka, unapanda, unachimba kisima, unajenga uzio. Mimi nilikuwa nalima ovyo ovyo nipate fedha za kununua kofia. Nikampa gemu kwa hasira nione atafanya nini. Alilima kama mtu mzima, mistari imenyooka, akinung'unika magugu yalipochelewa kung'oka. Ukoo wao wote ulikuwa wa wakulima, na yeye tangu azaliwe hakuwahi kuwa na kipande cha ardhi kinachozidi kitalu cha mchicha nyuma ya nyumba yao ya turubai.

Nyogokuru ndiye aliyeugeuza mchezo ule kuwa kitu kingine. Jumamosi ya tatu au ya nne aliinamia kioo, akauliza jambo kwa Kirundi, na Aline akacheka. "Anasema nyumba yetu haitazami huko. Mlango unatazama jua likitoka." Tukaanza shamba jipya, na safari hii bibi ndiye aliyeamuru. Alitaja miparachichi miwili chini ya nyumba. Mchezo haukuwa na mparachichi, ukawa na mti wa matunda mekundu, tukakubaliana kwamba huo ndio mparachichi. Uzio wa minyaa ukawa uzio wa mbao. Chemchemi ikawa kisima. Kaburi la mume wake likawa mawe matatu kwenye kona ya juu. Kwa umbali hakutaka utani. Aliinuka kwenye benchi na miguu yake iliyovimba, akatembea uani akihesabu kwa sauti, akasimama, akageuka kututazama. Kila hatua kumi zake tukazihesabu kuwa mraba mmoja wa kwenye kioo. Wagonjwa wengine walimwona amechanganyikiwa. Mama yangu alimkemea kwa ajili ya presha yake, naye akamjibu kwa upole kwamba presha itasubiri.

Niliwahi kuuliza kwa nini tusichore kwenye daftari. Mama yake Aline alikuwepo siku hiyo, mwanamke mkimya aliyeolewa kwenye kilima chao, yaani kijiji chao kule Burundi, na kukimbia kabla hajakizoea, mume wake akafia njiani. Ni yeye aliyenitafsiria jibu. Nyogokuru alisema amekimbia zaidi ya mara moja, na kila mara karatasi ndizo zilizokuwa za kwanza kuchukuliwa. Halafu akagusa gemu. "Mchezo wa mtoto, nani atauchukua?" Siku moja, alisema, watarudi, na watamkuta mtu amelima pale. Wazee wa kilima watakaa na kuuliza: kama ni kwenu, chemchemi iko wapi? Baba yenu amelala wapi? Atakayejibu ndiye atakayepewa. Alimwambia Aline hayo akimtazama usoni, wala hakuwa anacheza.

Nyogokuru alifariki mvua za mwisho zilipokuwa zinakatika, asubuhi, dawa zikiwa bado nusu chupa. Alizikwa pale pale kambini. Haukupita muda mama yake Aline akajiandikisha kurudi Burundi. Nilipoambiwa kwamba msafara wao ni Alhamisi ijayo nililia hadi mama akaacha kunibembeleza, akalia na yeye. Kisha nikaamua jambo ambalo hadi leo naliona zuri, na ndiyo maana linaniuma: gemu haitakuwa yangu tena, nitampa Aline aondoke na shamba lao mkononi.

Lakini sikutaka kumpa hivi hivi. Nyogokuru alikuwa ametufundisha habari za impamba, chakula anachofungiwa msafiri. Hukaangwa siku hiyo hiyo. Hakichanganywi na kiporo, maana kumfungia mtu kiporo ni kumwambia hukumhesabu. Na kikishafungwa, aliyekifunga hakifungui tena wala hakionji. Nilizaliwa na mama wa Tanga anayeweza kugombana na mgeni kwa kukataa kula, kwa hiyo mafundisho hayo yaliniingia upesi. Nikawaza: kama hivyo ndivyo karanga zinavyofungwa, basi na gemu lazima iondoke ikiwa mpya. Nikamwambia Aline naichukua siku chache nikaisafishe. 

Jumanne mama alikuwa na shughuli zake Kasulu, nikaenda naye. Fundi Shabani alisafisha kitufe kilichonata, akabadilisha ganda, akapuliza vumbi. Nikamwambia nataka na ndani iwe mpya, toleo la mwisho kabisa. Alinitazama juu ya miwani yake. "Zuhura, humu kuna kitu unakitaka? Maana nikishaiapdeti hairudi ilikotoka, na michezo mingine inaweza kugoma." Nilikuwa na jibu tayari. Nilichomoa kadi mwenyewe, nikaifumba kiganjani, nikamwambia kwa maringo kwamba ninachokitaka kiko hapa, yeye aendelee. Alicheka. "Haya, bosi." Nilisimama pale nikitazama mstari wa bluu ukijaa taratibu kwenye kioo, kadi ikilowa jasho mkononi, najiona mjanja kuliko watoto wote wa mkoa wa Kigoma. Ilipokwisha nikarudisha kadi, nikaifunga gemu kwenye kitambaa kipya cha mama. Sikuiwasha. Impamba ikishafungwa haifunguliwi.

Alhamisi mama alinikaangia karanga kabla hatujatoka, nikazibeba zikiwa bado za moto. Mabasi yalikuwa yamepangwa, watu wameketi juu ya magodoro na masufuria yao wakisubiri majina. Aline alivaa sweta la kijani lililomzidi. Nilimpa karanga, kisha nikampa kitambaa. Alipofungua na kuona ganda lile linang'aa alinikumbatia kwa nguvu hadi nikakohoa. Akamwita mama yake amwonyeshe shamba kabla hawajapanda. Akawasha. Picha ya mchezo ilikuwepo kwenye orodha, nikavuta pumzi. Akabonyeza. Kioo kikawa cheusi, kikarudi na maneno ya Kiingereza kwamba mchezo huu hauwezi kuanzishwa. Akabonyeza tena. Akazima, akawasha, akachomoa kadi, akaifuta kwenye sweta, akairudisha. Maneno yalikuwa yale yale.

"Umeifanya nini, Zuhura?"

"Nimeifanya mpya."

Hakunipiga. Nilitamani anipige. Aliketi kwenye godoro akafumba macho, midomo ikihesabu. "Kaburi nalikumbuka. Miparachichi naikumbuka. Chemchemi, toka mlangoni, hatua ngapi? Sitini? Sabini?" Alifumbua macho akaniangalia mimi, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa nashika gemu siku bibi alipotembea ile sehemu ya chemchemi. Na mimi sikukumbuka. Hapo ndipo ningesema sikumbuki. Badala yake, kwa aibu, kwa kutaka niwe nimemsaidia walau kitu kimoja siku ile, nilisema, "Thelathini. Nina hakika, thelathini." Akarudia polepole, "Thelathini," akaliweka kichwani.

Jina lao lilipoitwa alinirudishia gemu. Alikwangua namba ya simu ya mjomba wake aliyeko Burundi nyuma ya lile ganda jipya kwa ncha ya pini ya nywele. "Kaa nayo. Ikifunguka, unipigie." Karanga aliondoka nazo. Niliona mkono wake dirishani, umeshika kifuko, basi likageuka kona.

Alipiga simu yeye, mara moja tu, miezi kadhaa baadaye, kwenye simu ya mama, ambaye namba yake wagonjwa wote wa zahanati walikuwa nayo. Mtandao ulikuwa unakatika. Nilimuuliza kama wamefika salama, akaniitikia kwa ndiyo ya Kirundi, "Ego, tulifika." Walimkuta jirani wa zamani amelima hadi mlangoni. Wazee wakakaa. Wakauliza, na mama yake akawaambia mtoto ndiye aliyefundishwa na bibi. Aline akasimama katikati ya watu wazima, akataja miparachichi, ikawepo. Akataja kaburi, likawepo. Wakamuuliza chemchemi. "Nilisema thelathini. Nikatembea mbele yao nikihesabu. Ikanifikisha kwenye majani makavu, Zuhura. Watu wakacheka." Jirani akadai mtoto amekaririshwa uongo na amekosea. Waligawiwa kipande cha juu, chenye kaburi, kisicho na maji. Hakusema kwa hasira. Aliuliza tu, "Imefunguka?" Nikasema bado. Akasema sawa, na simu ikakatika.

Nilipohamia Kasulu kuanza sekondari nilikwenda kwa fundi Shabani kila nilipotoka shule, mwanzo kumsumbua, baadaye kumsaidia, mwishowe kujifunza kazi. Watu husema nina kipaji. Mimi nilikuwa nataka kufungua mashine moja. Fundi alikuwa mkweli wakati ule kwamba hairudi, maana njia ya kuirudisha ilivyokuwa kabla ya apdeti haikuwa imefika kwake wala kwangu. Ilikuja kupatikana. Mwaka jana nilipata maelezo yake, nikaijaribu mchana mmoja. Picha ya mchezo ikaonekana. Nikabonyeza. Muziki wa asubuhi ukaanza, ule wa jogoo.

Hakuna kilichokuwa kimeharibika. Lile tangazo halikuwa limesema shamba limekufa. Lilikuwa limekataa kulifungua tu. Pale ilikuwa bado siku ile tuliyoacha, mtu wetu amesimama mlangoni na ndoo, mlango unatazama jua linakotoka, mawe matatu kwenye kona, miti miwili yenye matunda mekundu. Mimi nimekua, nina kibanda na kodi ya kulipa, na pale hata mchicha haujachelewa kumwagiliwa. Nilihesabu miraba kutoka mlangoni hadi kisimani. Nikahesabu tena kwa kidole. Saba.

Nilipiga ile namba ya nyuma ya ganda, ambayo sijawahi kuruhusu ifutike. Haipo tena. Nimewauliza wafanyabiashara wanaovuka mpaka, nimewauliza waliorudi Kasulu kusalimia, nimeuliza wauguzi waliowahi kufanya kazi na mama. Burundi ina vilima vingi, na wenye jina la Aline ni wengi. Siku hizi simu zinajiapdeti zenyewe mtu akiwa amelala, na hakuna anayeulizwa lolote. Lakini akija mteja kwangu kutoka Rungwe Mpya au popote, akaniambia nimfanyie simu yake iwe mpya, namketisha, namuuliza humu kuna kitu gani, namuuliza tena, na namwambia awashe mbele yangu kabla hajaondoka. Wanasema nina maneno mengi. Jioni nikifunga mlango huwa natembea kuelekea barabarani nikihesabu bila kutaka, na nikifika thelathini moyo unaniuma, kwa sababu bado kuna hatua arobaini. Chemchemi iko hatua sabini, Aline. Ulikuwa umeikumbuka mwenyewe.