Homa ya Runazi na Mwisho wa Undugu Wetu

Tulikuwa tisa, wanafunzi wa tiba ya homiopathi, ile ya dawa iliyozimuliwa mno, katika chuo kidogo pale Kasulo: vyumba vitatu vya matofali ya kuchoma na kabati moja la chupa za vidonge vyeupe, vidogo kama punje za mtama, vitamu mdomoni. Watu walitucheka, wakatuita madaktari wa sukari. Nadhani kicheko hicho ndicho kilichotufanya tuanzishe chama chetu, tulichokiita Undugu, na kila aliyeingia aliapa mbele ya wenzake.

Sharti moja la kiapo lilinitia hofu tangu mwanzo: ndugu akiugua, atatibiwa na ndugu zake kwa dawa yetu, si kwingineko.

"Sisi tusipoiamini, nani ataiamini?" alisema mwenyekiti, mwanafunzi wa mwaka wa mwisho, mpole wa sauti lakini asiyependa kupingwa.

Niliapa. Niliogopa zaidi kubaki peke yangu.

Likizo ya mwaka wa pili nilitoka kwetu Keza kwenda Runazi kumtembelea rafiki yangu, mwanachama mwenzangu. Nilimkuta amelala sebuleni, anatetemeka ndani ya blanketi mbili, na nje jua la saa sita linawaka.

"Shikamoo, mama," nilimwamkia mama yake.

"Marahaba, mwanangu. Afadhali umekuja. Zahanati hataki, anasema anamsubiri daktari mwenzake."

Daktari huyo ndiye mimi.

Nilimwekea vidonge chini ya ulimi, nikampigia simu mwenyekiti. "Mpe tena kila baada ya saa moja," alisema. "Homa ikipanda, ujue dawa imeanza kazi."

Nikamweleza mama yake hivyo hivyo. Homa ilipanda. Kufikia saa tisa macho yake yalikuwa ya manjano, akaanza kuongea Kisubi, lugha ya kwao, na marehemu baba yake, kama vile mzee amekaa pale kwenye kiti. Mama yake aliacha kupeta maharage, akaja kusimama mlangoni. Vidonge viliniponyoka, vikamwagika sakafuni. Nikapiga simu tena.

"Subiri," mwenyekiti alisema. "Kumbuka ulichoapa."

Nikakata. Niliogopa kiapo, nikaogopa polisi, nikaogopa kaburi ambalo lingechimbwa kule nyuma kwenye migomba. Hofu ya kaburi ikashinda.

"Mama, tumpeleke hospitali."

"Si ulisema dawa inafanya kazi?"

"Sijui, mama. Sijui chochote."

Tulimpakia kwenye bodaboda, yeye katikati, mimi nyuma, mama yake akatufunga pamoja kwa kitenge. Njia nzima hadi Biharamulo nilibandika sikio mgongoni mwake nisikie kama bado anapumua. Kwenye matuta pikipiki ilipiga kelele nisisikie kitu, nami nikamfinya mbavu mpaka agune.

Muuguzi alimtoboa kidole, akasoma kipimo, akaniangalia. "Malaria kali. Mlikuwa mnasubiri nini?"

Siku ya tatu mgonjwa aliomba uji, nikatoka nje ya wodi nikalia.

Chuo kilipofunguliwa, mwenyekiti aliita kikao. Nilisimama.

"Nimevunja kiapo," nilisema.

Nilitegemea kufukuzwa. Badala yake, mmoja wa mwaka wa kwanza akasema kwa sauti ndogo kwamba hata yeye alimeza dawa mseto ya malaria mwezi uliopita, kwa siri. Akafuata mwingine. Kumbe wengi wetu tulikuwa tukienda zahanati kwa kujificha, kila mmoja akiwaogopa wenzake.

"Mimi sijawahi," alisema mwenyekiti, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyeogopa kuliko sisi sote. Alifunga daftari la majina, akatoka nalo. Undugu haukukutana tena, na baada ya muda chuo nacho kilifungwa.

Sasa mimi ni mhudumu wa afya kijijini kwetu. Mtoto akiwa na homa, namkimbiza zahanati kabla mama yake hajamaliza kunieleza.

Rafiki yangu yu hai, ana watoto wawili, na hupenda kuwasimulia watu kwamba nilimwokoa. Huwa naomba tuzungumze mengine. Ni mimi niliyekaa naye kuanzia saa sita mpaka saa tisa, nikimlisha sukari, na pikipiki zinapita barabarani.