Ukoo wa Mikanda Mingi

Wavinya hakuogopa vitu vikubwa. Mbwa mkali wa jirani alipokata mnyororo, yeye ndiye aliyemfukuza kwa fimbo huku wanaume wazima wamepanda ukuta. Mwizi wa mbuzi alipoingia bomani kwake alimshika shati, na shati likabaki mkononi mwake mwizi akikimbia kifua wazi hadi barabarani. Lakini umwonyeshe Wavinya sindano iliyoanguka kwenye mkeka, au punje ya haragwe karibu na pua ya mtoto, utaona jasho.

Sababu ilikuwa kwao, Kikima, alikozaliwa. Kaka yake aliyemfuata alichomwa na mwiba akiteka maji. Mwiba wa kawaida tu, wakaucheka, yeye mwenyewe akaucheka. Baadaye taya lake likakaza, mgongo ukapinda kama upinde, na wakamzika juma hilohilo. Wavinya alikuwa msichana mdogo, na aliondoka kaburini akiwa na jambo moja kichwani ambalo halikumtoka tena: kumbe mtu anaweza kuuawa na kitu ambacho hata kivuli hakina.

Ndiyo maana alipoolewa Matinyani, na baada ya kungoja miaka mpaka wakwe wakachoka kuuliza, akampata Kalondu, hofu yake yote ilihamia kwa huyo mtoto. Kalondu sasa alikuwa na miaka minne, na kila alichookota alitaka kwanza kukionja. Baba yake alifanya kazi ya ujenzi mbali, akija mwisho wa mwezi. Mchana kutwa walikuwa wawili tu, mama na mtoto, katika kitalu cha miche kando ya barabara.

Na miche ya Wavinya ilikuwa na sifa. Watu walitoka hata ng'ambo ya mto kuja kununua miche ya embe na ya mikau, ile miti ya mbao, kwake, kwa sababu haikufa ovyo. Siri yake haikuwa siri: Wavinya alipika udongo. Alichanganya udongo, mboji na mbolea ya mbuzi ndani ya pipa lililokatwa nusu, akamimina maji yanayochemka, akafunika kwa gunia zito ili mvuke ufanye kazi. Minyoo, mayai ya wadudu, mbegu za magugu, vyote vinakufa. Kisha anapoza, anajaza vifuko vya nailoni na kupanda.

"Mama Kalondu, leo tena unasonga ugali wa udongo?" alizoea kumchokoza Kisilu, kijana wa bodaboda aliyeegesha pikipiki yake chini ya kibanda cha kitalu akisubiri abiria.

"Leta sahani," Wavinya angejibu. "Wewe si unakulanga chochote?"

Novemba hii mvua ilinyesha kwa fujo. Wavinya alikwenda kando ya mto, chini ya mikuyu, akazoa majani yaliyooza gunia zima. Ilikuwa mboji nzuri sana, nyeusi, inayomeguka kama keki. Alipofungua gunia nyumbani, mboji ikasogea.

Akarudisha mkono haraka. Wadudu walikuwa wamejaa humo, mmoja juu ya mwingine, kahawia wenye ukingo wa manjano, miguu yao ikienda kama mawimbi madogo. Majongoo Wavinya aliwajua tangu utoto, wale weusi wa mviringo wanaojikunja ukiwagusa. Hawa walikuwa bapa. Kila pingili ilikuwa na kibawa huku na huku, kama mabati madogo yaliyopangwa mgongoni. Na hawakujikunja kama wale. Waliendelea tu kutembea.

"Kalondu! Rudi nyuma! Mikono mgongoni!"

Akachukua wachache kwa kijiti, akawatia kwenye mkebe wa majani ya chai, akambeba mtoto mgongoni ingawa mtoto mwenyewe alikuwa mzito sasa, akamwambia Kisilu ampeleke soko la Kabati.

Huko Kabati kulikuwa na Ngure, mwenye duka la dawa za mifugo na mimea. Alihamia hapo kutoka Murang'a siku nyingi, akaoa hapo, na Kikamba chake bado kiliwachekesha wateja. Ngure alipenda kujua mambo. Ukimuuliza bei ya dawa ya kupe, atakueleza na maisha ya kupe.

"Niuzie kitu cha kuua hawa," Wavinya akasema, akiweka mkebe juu ya kaunta.

Ngure akachungulia. "Si ni jongoo tu, mama?"

"Jongoo ni mviringo. Huyu alikanyagwa na nani?"

Ngure akacheka, akammwaga mmoja kwenye kipande cha karatasi, akampiga picha na simu, akaanza kusoma huku akisogeza skrini kwa kidole gumba. "Aaa! Ona sasa. Polydesmida."

"Ni ugonjwa?"

"Ni jina. Jina la kisayansi, limetoka Kigiriki. Poly ni nyingi. Desmos ni mkanda, kitu cha kufungia. Kwa hivyo ni wale wa mikanda mingi." Akainama na kalamu, akaonyesha bila kugusa. "Angalia mgongo. Pete, pete, pete, kila moja imefungwa kwa nyingine. Aliyewapa jina alikuwa na macho."

"Na wao macho yao yako wapi?"

Ngure akasoma tena. "Wao hawana. Inasema ukoo mzima ni vipofu."

Wavinya akakaza kanga iliyomshika mtoto aliyelala mgongoni. Gunia zima la vitu visivyoona, na vinajua pa kwenda.

"Huyu wangu sasa ni Polydesmida gani?"

"Hapo umenishinda. Hilo ni jina la ukoo mkubwa, Mama Kalondu, si la mmoja. Ni kama mtu aseme amekutana na Mkamba. Sawa, lakini Mkamba yupi? Kuna maelfu humo ndani. Kuna nyumba moja inaitwa Polydesmus, hiyo iko sana Ulaya. Watu wakiona jina limefanana wanadhani ni kitu kimoja. Wako wewe ni wa ukoo, lakini nyumba yake siijui."

"Wanauma?"

"Hawaumi. Wala miche hawali, wanakula majani yaliyooza, ni wafanyakazi wako hao. Ila wanasema wengi kwenye ukoo wakisumbuliwa wanatoa..." Mteja mwingine akaingia akiuliza chanjo ya kuku, na Ngure akageuka kutafuta rafuni.

"Wanatoa nini?"

"Sumu kidogo ya kujikinga," Ngure akasema akiwa amempa kisogo. "Ni kidogo tu. Unawe mikono, na mtoto asichezee. Warudishe mtoni, basi."

Angesema mengine, lakini Wavinya hakungoja. Neno moja lilikuwa limemtosha. Aliacha hata mkebe kaunta.

Hebu fikiria njia aliyofikiria yeye. Warudishwe mtoni? Na wakianguka njiani? Akimwaga gunia uani, mvua itawatawanya kila kona, waingie chini ya mlango, wapande kitandani, na Kalondu na hicho kidomo chake. Hapana. Hakuna hata mmoja atakayebaki hai karibu na mtoto huyu. Atawapika, wote, siku hiyohiyo.

Walipofika nyumbani mvua ilikuwa imeanza tena. Kwa kawaida alipikia udongo nje. Leo aliburuta pipa hadi jikoni, kijumba cha mabati chenye dirisha moja, na dirisha lenyewe alikuwa amelipigia ubao kwa sababu ya mvua. Jiko la makaa lilikuwa linawaka na sufuria kubwa juu yake. Akamketisha Kalondu kwenye kigoda pale pembeni, kwa kuwa hakumwacha mtoto mahali asipomwona. Akafunga mlango. Kisha, ili asitoroke hata mmoja, akasokomeza tambara chini ya mlango kwa kisu.

Akamwaga gunia lote pipani. Akawaponda kwa mti wa kusongea, akikoroga kwa hasira, na walipoanza kupanda kuta za pipa akawarudisha chini kwa nguvu. Maji yalipochemka akayamimina na kufunika. Kila mara alifunua gunia kidogo aone kama bado wanasogea, na kila alipofunua, mvuke ulimpiga usoni.

Harufu ile aliijua. Haikuwa mbaya. Ilikuwa tamu kiasi, yenye uchungu ndani yake, na kwa muda akasimama na mti mkononi akijiuliza ameinusa wapi. Ni pichi! Kokwa ya pichi. Kule Kikima walivunja kokwa kwa jiwe wapate kile kiini, na siku moja mama yake alikipiga kikamtoka mkononi kabla hajakitia mdomoni. Kile kichungu kinaua, alimwambia. Ukisikia harufu hiyo, tema.

"Mwaitu," Kalondu akaita. Ndivyo alivyomwita mama yake. "Mwaitu, kichwa."

Wavinya akageuka, na chumba nacho kikageuka pamoja naye. Mtoto aliteleza kutoka kwenye kigoda taratibu, kama nguo inayoanguka kwenye kamba.

Mlango haukufunguka. Tambara lilikuwa limeingia kwa nguvu, mbao zimevimba kwa mvua, na kadiri alivyovuta ndivyo tambara lilivyozidi kujikunja na kukaza. Alivuta kwa mikono miwili. Alipiga kelele akiita jina la Mungu, lakini kwa jinsi mabati yalivyounguruma kwa mvua hakuna aliyesikia. Akashika kile kisu, akakata tambara, akavuta tena akiwa ameweka mguu ukutani, na mlango ukaja na kipande cha fremu.

Kisilu, aliyekuwa amejikinga mvua kwenye kibanda cha kitalu, aliona mwanamke akitoka na mtoto mikononi akianguka matopeni na kuinuka. Hakuuliza wala kutania. Alipiga pikipiki teke ikawaka.

Njia nzima Wavinya alikuwa ameweka shavu lake kwenye mdomo wa Kalondu. Pumzi ilikuja mbiombio, kisha ikawa ndogo, kisha kukawa na mahali ambapo hakuisikia, akapiga mayowe, kisha ikaja.

Zahanati ilikuwa na daktari kijana, Mulwa. Alimpokea mtoto akamlaza, akafunua kope zake.

"Amekula nini?"

"Hajakula kitu."

"Mlifunga mlango na jiko la makaa ndani?"

"Ndiyo, lakini..."

"Basi ni makaa, mama. Kila mvua tunaona hii."

"Si makaa peke yake! Ni wadudu. Niliwapika."

Mulwa akamtazama kama mtu anayejiuliza kama amepata wagonjwa wawili. "Wadudu gani?"

Wavinya akafungua mdomo. Jina halikuwepo. Alilitafuta lote, mwanzo wake, mwisho wake, sauti ya Ngure akilisoma, na kichwa chake kilikuwa kinagonga kama nyundo. Jina lilikuwa limekwenda na mtoto alikuwa anakwenda.

"Mikanda mingi," akasema. "Ni ukoo. Jina lake kwa Kigiriki ni mikanda mingi. Hawana macho. Wananuka kokwa ya pichi."

"Hewa kwanza," Mulwa akasema, akivuta mtungi wa oksijeni na kuvisha kipira cha kupumulia usoni mwa mtoto. "Jina litakuja." Lakini aliposikia habari ya kokwa, mikono yake ilikuwa imeongeza mwendo.

Kisilu akampigia Ngure, akaiweka simu kwa sauti ya wote. Safari hii Ngure hakucheka. "Polydesmida," akasoma. "Nasoma vile iko. Wengi wa ukoo huu wakisumbuliwa hutoa haidrojeni sayanidi, sumu yenye harufu ya kokwa chungu. Mama Kalondu, si nilikwambia uwarudishe mtoni?"

Mulwa akauliza, "Walikuwa kiasi gani?"

"Gunia," Wavinya akasema.

Mulwa akatoka na simu yake kuzungumza na hospitali kubwa ya mjini. Aliporudi, Wavinya alijaribu kusoma uso wake kabla hajasema.

"Dawa yenyewe ya hiyo sumu hapa hatuna. Wanasema tuendelee na oksijeni, na akishikwa na degedege tumkimbize mjini. Wametuma gari lije likae tayari."

"Atapona?"

"Ukoo ni mkubwa, kama alivyosema huyo wa duka. Sijui hawa wako wana sumu ya kiasi gani, wala makaa yamechangia nini. Kwa hivyo sasa tunaangalia mtoto."

Wakamwangalia. Mulwa alimwambia Wavinya akae, naye avute hewa dirishani, kwa kuwa midomo yake pia haikuwa na rangi nzuri. Hakukaa. Alisimama akishikilia kile kipira usoni mwa bintiye, na akili yake ikarudi jikoni bila ruhusa: mkono wake ukifunga mlango, mkono wake ukisokomeza tambara. Miaka yote alikuwa amelinda mlango asiingie muuaji, na leo ni yeye aliyemketisha mtoto kwenye kigoda akamfungia naye. Angemwambia nini baba yake? Angeanzia wapi?

Kidole cha Kalondu kikasogea. Labda ni Wavinya mwenyewe aliyekisogeza. Akaogopa kuita mtu, asije akaambiwa hakuna kitu.

Kisha mtoto akakunja uso, akageuza shingo na kutapika, na Mulwa akamlaza ubavu haraka. Kalondu akafumbua macho, akaona watu asiowajua, akaona kitu cha plastiki usoni mwake, akakivuta. Wavinya akakirudisha. Akakivuta tena, akipiga mateke sasa, na akaanza kulia.

Alilia kwa ghadhabu, kwa sauti kubwa mpaka wagonjwa waliokuwa foleni wakachungulia mlangoni, na hakuna mtu humo ndani aliyemwambia anyamaze.